Mtu wa Kando ya Steringi: Woody Strode na Sinema ya Marekani

Mheshimiwa Mwenyekiti, wazee wangu, ndugu na rafiki zangu mnaopenda sinema, nawashukuru kwa kunipa nafasi ya kuzungumza kabla ya picha ya leo kuanza, na nawaahidi kwamba sitawaweka kiasi cha kuwafanya mtamani taa zizimwe mapema.

Sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video tulifundishwa kanuni moja kabla hatujajua jina la muongozaji hata mmoja, nayo ni kwamba steringi hafi. Tulimtafuta steringi tangu dakika ya kwanza, tukishamjua tukamshikilia, na kila mtu mwingine aliyepita kwenye skrini tulimhesabu ama adui ama mtu wa kufa. Leo nimekuja kumzungumzia mtu ambaye kwa kanuni hiyo alikuwa wa kufa karibu kila mara, na ambaye kwa zaidi ya miaka 40 aliajiriwa na Hollywood asimame kando ya steringi, ambebee bunduki, ampiganie, au amfie. Jina lake ni Woody Strode. Hoja yangu ni moja: katika filamu zake bora, lile ambalo hadithi iliogopa kulisema waziwazi lilibebwa na mtu huyu, mara nyingi bila ya kufungua kinywa.

Mara ya kwanza nilipomwona sikujua jina lake. Ilikuwa kanda iliyochakaa, yenye mistari meupe inayopanda na kushuka, ya picha ya kauboi iliyoongozwa na Mtaliano Sergio Leone na kutoka mwaka 1968, ile inayoitwa kwa Kiingereza Once Upon a Time in the West. Kibanda chetu kilikuwa na mfasiri, kijana aliyekaa kando ya televisheni na kipaza sauti chake akitusimulia kwa Kiswahili kila lililosemwa na mengi ambayo hayakusemwa. Siku ile alikishika kipaza sauti, akafungua mdomo, akaufunga. Kwa zaidi ya dakika kumi karibu hapakuwa na la kutafsiri. Watu watatu wenye bunduki wanasubiri treni kwenye stesheni ya mbao katikati ya nyika kavu. Mmoja anasumbuliwa na nzi, mwingine anavunjavunja vidole, na wa tatu, mtu mweusi mrefu mwenye kichwa kilichonyolewa, amesimama chini ya tangi la maji. Tone linamdondokea utosini. Anatazama juu, halafu anavaa kofia yake taratibu, na matone yanaendelea kugonga kofia, tap, tap, tap, maji yakijikusanya ukingoni. Hasogei. Treni inapoingia anaivua kofia kwa uangalifu wa mtu anayeshika kikombe cha kahawa kilichojaa, na kuyanywa yale maji. Dakika chache baadaye anapigwa risasi, na kibanda kizima kikamsahau. Mimi nilibaki na swali: yule ni nani anayeweza kusimama chini ya tone la maji na kutufanya watu thelathini kwenye mabenchi tusikohoe?

Woodrow Strode alizaliwa Los Angeles tarehe 25 Julai 1914, mtoto wa wazazi waliohamia huko kutoka New Orleans, na yeye mwenyewe alisema kuwa katika damu yake mlikuwa pia na damu ya Wahindi Wekundu, wenyeji wa asili wa Marekani. Kimo chake kilikaribia mita mbili. Kabla hajawa mwigizaji alikuwa mwanamichezo, tena mwanamichezo ambaye mwili wake ulitazamwa kama sanamu: mchoraji Hubert Stowitts alimchora kwa ajili ya maonyesho ya picha za wanariadha wa Marekani yaliyopelekwa Berlin wakati wa Olimpiki ya mwaka 1936, na utawala wa Hitler ukayafunga maonyesho hayo kwa sababu ndani yake mlikuwemo Weusi na Wayahudi. Tulishike jambo hilo, kwa maana ndilo litakalomfuata maisha yake yote. Watu waliutaka mwili wake uonekane, na papo hapo wengine hawakutaka kuona mtu Mweusi akiwekwa mbele.

Alicheza mpira wa Kimarekani, ule wa kofia ngumu na mabega ya bandia, katika Chuo Kikuu cha California cha Los Angeles. Mwaka 1939 timu yake ilikuwa na Kenny Washington pamoja na Jackie Robinson, yule yule ambaye mwaka 1947 angefungua mlango wa ligi kuu ya besiboli kwa Wamarekani Weusi. Mechi yao ya mwisho ya msimu huo, dhidi ya mahasimu wao wa jiji hilo hilo, ilitazamwa na watu zaidi ya 100,000 na ikaisha bila ya bao. Lakini ligi ya kulipwa haikuwa imesajili mchezaji Mweusi hata mmoja tangu mwaka 1934, na mlango haukufunguliwa hadi mwaka 1946, timu ya Rams ilipohamia Los Angeles na kutaka kutumia uwanja uliojengwa kwa fedha za umma. Waandishi wa magazeti ya Weusi walihoji hadharani itakuwaje uwanja wa walipa kodi wote uchezewe na timu ya rangi moja, na ndipo Washington akasajiliwa, kisha Strode. Yeye alikuwa na umri wa miaka 32. Alikaa msimu mmoja, mara nyingi akiwa benchi, halafu akaachwa, akaenda kuchezea Calgary huko Kanada, ambako mwaka 1948 alitwaa kombe la taifa hilo. Miaka mingi baadaye, alipoulizwa kuhusu heshima ya kuwa miongoni mwa wa kwanza, hakujisifu hata kidogo. Alijibu kwamba kama hata mbinguni itambidi aende kuvunja ubaguzi, basi afadhali asiende.

Nimekaa kwenye michezo kuliko nilivyokusudia, lakini sijapotea njia. Mtu aliyeigiza baadaye kwa macho na mabega alikuwa ameshajifunza, mbele ya umati wa watu laki moja, maana ya kutazamwa bila ya kusikilizwa.

Kuingia kwake kwenye sinema hakukuwa na mpango. Mwaka 1941 alionekana katika filamu ya Sundown, iliyoongozwa na Henry Hathaway, na hapa sisi wa Afrika Mashariki tuna haki ya kutabasamu, kwa sababu hadithi yenyewe imewekwa Kenya, kwenye mpaka wa kaskazini wakati wa Vita Kuu ya Pili. Strode, mzaliwa wa Los Angeles ambaye hakuwa amewahi kuliona bara la Afrika, aliwekwa kuwa askari wa Kiafrika wa serikali ya Mwingereza. Baada ya vita, alipokuwa akipata riziki kwa mieleka ya kulipwa, watengenezaji wa filamu walikuja kumtafuta kwa kazi za namna hiyo hiyo, picha za msituni ambazo ndani yake Afrika ilikuwa bustani ya studio yenye mikindu na ngoma za kurekodiwa. Mwaka 1952, katika Androcles and the Lion, alivalishwa ngozi ya simba na kucheza simba, na hakuna mtazamaji aliyeuona uso wake. Mwaka 1956 Cecil B. DeMille alimtia katika The Ten Commandments, ile filamu kubwa ya Musa na Farao, akacheza mfalme wa Ethiopia na papo hapo, ndani ya filamu hiyo hiyo, akacheza mtumwa. Fikirini, ndugu zangu, mfalme na mtumwa kwa malipo ya mtu mmoja. Sijui kielelezo kingine kinachoonyesha kwa ufupi zaidi jinsi studio zilivyomhesabu: umbo la kupendeza ambalo linaweza kupachikwa popote.

Mambo yalianza kubadilika mwaka 1960, na yalibadilika kwa sababu ya dakika chache ndani ya Spartacus, filamu ya Stanley Kubrick iliyomhusu mtumwa aliyeasi dhidi ya Roma. Strode ni Draba, Mwafrika anayefunzwa kupigana hadi kufa kwa ajili ya burudani ya matajiri. Spartacus, anayechezwa na Kirk Douglas, anamuuliza jina lake, naye anakataa kulitaja, akieleza kuwa hataki kumjua mtu ambaye huenda kesho akalazimika kumuua. Hayo ndiyo karibu mazungumzo yake yote. Kisha wanakuja wageni kutoka Roma, wanataka waone watu wakiuana, na Draba anapangwa na Spartacus. Kabla ya zamu yao wanafungiwa pamoja ndani ya kibanda cha mbao, wameketi wakitazamana, na nje tunasikia jozi ya kwanza ikichinjana. Kamera inakaa kwenye nyuso zao. Strode anamtazama mwenzake, anatabasamu kidogo sana, tabasamu ambalo hadi leo sijaweza kuamua kama ni la kuaga au la kuomba radhi.

Anashinda pambano. Ana mkuki wa ncha tatu, na ncha hizo ziko kooni mwa Spartacus. Juu kwenye roshani wanawake wa Kirumi wanapiga kelele amalize. Draba ananyamaza, anageuza shingo, anawatazama wale walioketi kwenye vivuli vyao, halafu anaurusha mkuki kuelekea kwao na kuanza kuupanda ukuta kwa mikono mitupu. Anauawa akiwa amening'inia ukutani, na Crassus mwenyewe, mkubwa wa Kirumi aliyekuwa miongoni mwa wageni wale, anayechezwa na Laurence Olivier, ndiye anayemmaliza kwa kisu, damu ikimrukia usoni. Maiti yake inatundikwa kichwa chini ili iwe onyo kwa wengine. Kuanzia hapo filamu ina karibu saa mbili na nusu za vita, mapenzi na hotuba, lakini uasi wenyewe ulianzia kwa Draba, na Spartacus anatumia muda wote uliobaki kulipa deni la mtu ambaye hakumtajia jina. Strode aliteuliwa kuwania tuzo ya Golden Globe ya mwigizaji msaidizi kwa kazi hiyo. Hakuipata.

Mwaka huo huo John Ford, muongozaji ambaye filamu zake zilikuwa zimeijenga taswira ya kauboi katika vichwa vya dunia nzima, alimpa Strode kazi ambayo Mmarekani Mweusi hakuwa amewahi kupewa katika picha ya kauboi ya studio kubwa. Filamu inaitwa Sergeant Rutledge, na Rutledge ni Strode. Ni sajini wa kikosi cha 9 cha wapanda farasi, askari Weusi wa jeshi la Marekani waliopelekwa magharibi baada ya vita vya kukomesha utumwa, na anashtakiwa kwa kubaka na kuua binti Mzungu. Strode alisimulia kwamba studio ilitaka mwigizaji Mweusi mwenye jina kubwa zaidi, na kwamba Ford alikataa kwa kuwa alitaka mtu ambaye akipanda farasi na kushika bunduki mtazamaji ataamini. Mpate kujua namna mambo yalivyokuwa: filamu inabeba cheo na jina la mhusika wake, lakini kwenye orodha ya waigizaji jina la Strode linakuja baada ya Jeffrey Hunter na Constance Towers.

Ni filamu yenye kasoro. Mahakama yake ina vichekesho vya wake wa maofisa ambavyo havichekeshi, na muuaji anapojulikana anajulikana kwa njia nyepesi mno. Hata hivyo imo picha ya Strode akiuvuka mto Pecos juu ya farasi, akirudi kuwaonya wenzake ilhali angeweza kukimbilia uhuru, na amesema baadaye kuwa siku ile alihisi ameuvusha mto ule watu Weusi wote. Alipanda mwenyewe, bila ya mtu wa kumkaimu. Kuna pia mahali anapoambiwa na askari wake anayekufa, au anapowaambia wengine, mambo ya Rais Lincoln na uhuru wa watumwa, na jibu lake ni kwamba uhuru huo bado. Hayo yaliandikwa kwa ajili ya mwaka 1881 wa ndani ya hadithi, lakini filamu ilitoka mwaka 1960, miezi michache baada ya wanafunzi wanne Weusi kuketi kwenye kaunta ya chakula iliyohudumia Wazungu tu huko Greensboro, kusini mwa Marekani, na kunyimwa kahawa. Kila mtu ukumbini alijua ni uhuru gani ambao bado.

Kaunta hiyo nitairudia, maana inatufikisha kwenye picha tuliyokuja kuitazama leo.

The Man Who Shot Liberty Valance ilitoka mwaka 1962. Steringi wake ni wawili, John Wayne na James Stewart. Mmoja ni Tom Doniphon, mfugaji mwenye bunduki, na mwingine ni Ransom Stoddard, wakili mwenye vitabu. Strode ni Pompey, mfanyakazi wa Doniphon. Ukisoma muhtasari wa hadithi humkuti Pompey, lakini itazameni picha kwa makini mtaona kwamba hakuna jambo zito linalotendeka bila yeye. Doniphon anapompiga risasi jambazi Liberty Valance gizani, bunduki anarushiwa na Pompey. Doniphon anapolewa na kuichoma nyumba aliyokuwa akimjengea mchumba, Pompey ndiye anayemtoa motoni na kwenda kuwafungulia farasi. Wanaume wa mji wanapokutana ndani ya baa kuchagua wawakilishi, Pompey yuko nje na bunduki, analinda kura ambayo yeye hapigi. Na anapoingia baa kumchukua bosi wake, mwenye baa anakataa kumhudumia, na John Wayne, mtu ambaye siasa zake za mrengo wa kulia tunazijua, anafoka apewe kinywaji. Greensboro ilikuwa miaka miwili tu nyuma.

Sehemu ambayo nawaomba muitazame bila kupepesa ni ile ya darasani. Stoddard amefungua shule ndogo, na ndani yake wamo watoto, watu wazima wasiojua kusoma, na Pompey, ambaye ndiye mrefu kuliko wote. Ukutani kuna picha ya Lincoln. Pompey anaitwa asimame aseme kuhusu Tangazo la Uhuru wa Marekani. Anaanza vizuri, anamtaja Thomas Jefferson, anasaidiwa neno gumu, anaendelea, kisha anakwama, na mahali anapokwama ni pale panaposema kwamba watu wote wameumbwa sawa. Stoddard anammalizia. Pompey anasema kwamba alilijua, ila amelisahau tu, na Stoddard anamjibu kwa upole kuwa sehemu hiyo watu wengi huisahau. Wengine wameicheka sehemu hii kama mzaha wa kumdhalilisha mtu Mweusi asiyeweza kukariri. Mimi sikubaliani nao. Mtazameni Strode wakati wa kukwama: macho hayapotei kama ya mtu aliyesahau, yanatulia. Kisha mlango unafunguliwa, Doniphon anaingia na kumwambia shule imekwisha, arudi kazini. Pompey anatoka. Bosi yule yule atakayempigania glasi ya kinywaji ndiye anayemtoa darasani, na filamu haisemi neno juu ya jambo hilo.

Niruhusuni kisa kidogo cha pembeni. Inasimuliwa kwamba Ford, ambaye alipenda kumchokoza John Wayne, alikuwa akimkumbusha mbele ya watu kuwa hapa tunaye mchezaji mpira wa kweli, akimwonyesha Strode, kwa vile Wayne naye aliwahi kucheza chuoni, tena katika chuo hasimu, lakini hakufika mbali. Siku moja walipokuwa wakipiga picha za mkokoteni Wayne alishindwa kuwazuia farasi, Strode akanyoosha mkono asaidie, Wayne akamsukuma, na wawili hao wakakaribia kushikana mashati. Ford akapiga kelele akimsihi Strode asimpige, kwa kuwa bado wanamhitaji. Nacheka kila ninapokumbuka kwamba aliyeombewa salama alikuwa John Wayne.

Urafiki wa Strode na Ford ulikuwa wa ajabu, na sitaki kuupamba. Ford alimpa Rutledge na Pompey, lakini pia alimpaka rangi na kumfanya shujaa wa Kikomanche katika Two Rode Together, na mpiganaji wa Kimongolia katika 7 Women, filamu yake ndefu ya mwisho. Pamoja na hayo, mzee yule alipougua, Strode alikwenda kukaa naye, akilala sakafuni kando ya kitanda kwa miezi minne, na alikuwepo Ford alipofariki mwaka 1973.

Mwaka 1966 Strode alikuwa mmoja wa wanaume wanne wanaokodiwa kumwokoa mwanamke huko Meksiko, katika The Professionals ya Richard Brooks. Wengine ni Burt Lancaster, Lee Marvin na Robert Ryan. Wanne kwenye kazi, wanne kwenye hatari, yeye akiwa mtaalamu wa kufuata nyayo na kupiga upinde; lakini kwenye bango majina makubwa yalikuwa ya wale watatu na ya wengine waliofuata, na la Strode halikuwekwa pamoja nao. Filamu ilipata fedha nyingi. Yeye aliona ni wakati wa kuondoka.

Alikwenda Italia, na huko yalimkuta mawili. La kwanza ni lile tone la maji. Stesheni ile ilijengwa Hispania, karibu na Guadix, na Leone aliisogeza kamera karibu na uso wake namna ambayo Strode alisema Hollywood haikuwahi kumfanyia. Ujira wa mtu wa kufa, lakini uso wake ulijaza skrini kama wa mfalme.

La pili linatuhusu zaidi, hasa ndugu zetu wa Kongo mlioko hapa. Mwaka huo huo wa 1968 Valerio Zurlini alimpa sehemu kuu katika filamu ambayo jina lake la Kitaliano lina maana ya Ameketi Kuume Kwake, na ambayo Marekani ilioneshwa kama Black Jesus. Strode ni Maurice Lalubi, kiongozi wa nchi ya Kiafrika isiyotajwa, anayehubiri ukombozi bila ya kumwaga damu, anayekamatwa, kuteswa na kuuawa. Hakuna aliyehitaji kuelezwa. Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, alikuwa ameuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961, na Lalubi ni Lumumba aliyebadilishwa jina. Anawekwa selo moja na mwizi Mzungu, kama Yesu na wezi pale Kalvari, na watesi wake wanamgongomea misumari viganjani. Filamu iliteuliwa kushindana kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka huo, lakini tamasha lilivunjika kutokana na migomo ya Mei iliyoitikisa nchi hiyo.

Nina ugomvi na filamu hii. Lumumba wa kweli hakuwa mtakatifu anayeinamisha kichwa. Alikuwa mwanasiasa wa chama, mwenye ulimi, ambaye tarehe 30 Juni 1960 alisimama mbele ya Mfalme Baudouin wa Ubelgiji na kuyataja matusi na viboko vya ukoloni kimoja kimoja, na aliuawa katikati ya ugomvi wa dola kubwa na wa madini. Zurlini aliyaondoa hayo na kumgeuza mtu wa siasa kuwa mwanakondoo. Hata sauti mnayoisikia katika nakala ya Kitaliano si ya Strode, kwa kuwa Waitaliano wa wakati ule walikuwa wakiweka sauti baadaye. Na hata hivyo, mezani anapohojiwa na ofisa, Strode anafanya jambo ambalo mwandishi hakuliandika. Anasikiliza. Anamsikiliza mtesi wake kama mzee wa baraza anayemsubiri kijana amalize upuuzi wake, na kwa subira hiyo anamrudishia Lumumba ule ukubwa ambao hadithi ilikuwa imemnyang'anya. Alikuwa na umri wa miaka 53, na ilikuwa mara ya kwanza filamu nzima kuegemea mabega yake peke yake.

Baada ya hapo kazi zilikuja nyingi na zisizolingana, nyingine za Kitaliano za bei nafuu ambazo sitawasumbua nazo. Francis Ford Coppola alimwita kwenye The Cotton Club mwaka 1984, na mwaka 1993 Mario Van Peebles alianza filamu yake ya makauboi Weusi, Posse, kwa uso wa mzee Strode akisimulia, jambo ambalo lilikuwa sawa na kumpa mzee kiti cha mbele kwenye baraza. Aliaga dunia tarehe 31 Desemba 1994, na filamu yake ya mwisho, The Quick and the Dead, ilitoka mwaka uliofuata ikiwa imetolewa kwa heshima yake. Mwaka huo huo wa 1995 watoto wa dunia nzima walimjua kauboi wa kuchezea katika Toy Story aitwaye Woody, na waliomtengeneza wamesema jina hilo limetoka kwa Strode. Kikaragosi yule ni steringi, na ni Mzungu.

Sasa picha yetu. Inaanza mwishoni mwa hadithi: Stoddard amekuwa seneta mwenye mvi na amerudi mjini kwa ajili ya maziko ambayo waandishi wa gazeti hawayaelewi. Katika chumba cha nyuma kuna jeneza la mbao tupu, na kando yake, kwenye benchi, amekaa Pompey, naye nywele zimekuwa nyeupe. Wanaingia watu, wanazungumza, wanagombana kuhusu viatu vya marehemu, wanatoka kwenda kusimulia hadithi itakayochukua karibu saa mbili. Seneta atakapoondoka atamtia Pompey fedha kidogo mkononi. Msiwafuate wanaozungumza. Mwangalieni aliyekaa kwenye benchi, alivyoiweka mikono yake, na jinsi alivyokuwa amekwisha kufika kabla ya wote.

Kijana wa projekta, tuko tayari.